Maiki kwenye Kola ya Shemeji

Kazi yangu ya filamu ina sheria moja: tazama, usiingilie. Mwaka mzima nilimfuata mama mmoja mkulima wa Kachibora, akikama, akipalilia, akinifokea ati nimekanyaga sukuma wiki zake. Kisha mumewe akafariki.

Siku ya tatu baada ya mazishi, ukoo wa mume uliotoka Bungoma ulikutana pale nyumbani kunyoa nywele, kama ilivyo desturi ya matanga, na kuzungumzia mambo ya marehemu. Kikao kiliongozwa na shemeji mkubwa, kwa hiyo maiki nilimbania yeye kwenye kola. Wakati wa chai akaenda nyuma ya stoo ya mahindi na binamu yake, akaisahau. Watu huisahau kila mara, na mimi husikia kwenye hedifoni wakinisengenya, nikacheka. Safari hii sikucheka.

“Jumamosi huyu mjane anaenda kwao Webuye kupumzika,” shemeji alisema masikioni mwangu. “Akitoka tu, tunaweka kufuli mpya. Akirudi atalala wapi, shauri yake.”

Na safari yenyewe ni huyo shemeji aliyeipanga, akajifanya anamhurumia! Nilitaka kumwonya mama. Mjane alikuwa mbele yangu akimimina chai, begi lake liko tayari kando ya mlango. Lakini kuna sauti nyingine kichwani iliyoniambia ninyamaze, maana mama aliyefungiwa nje ya nyumba yake ni picha ya kushinda tuzo. Nilijichukia palepale. Nikavua hedifoni, nikamvisha.

Akasikiliza, birika mkononi. Huko nyuma ya stoo walikuwa wameanza kugawana ng'ombe. Alinirudishia hedifoni, akasema asante, akaendelea kumimina.

Watu walipoketi tena, shemeji akamuuliza kwa upole kama amejiandaa kwa safari.

“Shemeji,” mama alisema, “hiyo kitu iko kwa kola yako inasikia mpaka nyuma ya stoo.”

Shemeji akagusa kola.

“Mimi siendi Webuye.” Kisha akanigeukia. “Na wewe, msichana wangu, Jumamosi kuja na hiyo kamera. Nataka wakileta kufuli wakupate hapa mlangoni.”

Jumamosi nilifika mapema. Shemeji alikuja na vijana wawili, akaniona nimeweka jicho kwenye kamera, akasimama getini kwa muda mrefu, halafu wakageuza. Huko kwangu, mtaani Tuwan, stima ilikuwa imepotea usiku kucha. Betri ya kamera haikuwa na chaji hata kidogo, na sikuthubutu kuondoa jicho.