Mwenye Kupika Aonje Kwanza

Jumamosi, mwezi wa pili. Theluji imeanguka tangu asubuhi huku Columbus, Marekani. Nimevunja mayai juu ya unga, na ile harufu mbichi imenikumbusha mji wa Buffalo, siku watu wa kanisa walipotupeleka, mimi nikiwa bado mtoto, pamoja na mama, kwenye shamba la familia moja tufundishwe kutengeneza tambi kwa mikono.

Mama hakuwaamini tangu mlangoni. "Wanafundisha bure, donc, basi, wanatafuta nini?" Lakini unga aliukanda vizuri kuliko wote, lazima niseme. Bibi mwenye shamba alichemsha tambi zetu, akatupakulia, yeye akabaki amesimama na sufuria.

Mama akanifinya chini ya meza. "Usikule. Mwenyewe hajaonja."

Kwetu mpishi huonja mbele ya wageni, wajue hakuna sumu.

"Mama, niko na njaa."

"Njaa haijakuua. Ngoja."

Tambi zikapoa. Bibi akaniuliza kwa Kiingereza kama chumvi imezidi. Nikamjibu kwamba mama anataka yeye aanze. Akavuta kiti, akachota kwenye sahani ya mama, akala. Mama akamaliza zote, akaomba nyingine. Kama yule bibi aliumia, sijui. Na mama sikumuuliza.

Jioni tumekula tambi na maharage pamoja na jirani, Mmarekani. Nilionja kwanza, mbele yake. Kumbe yeye alikuwa ameshaanza kula.