Dakika Kumi za Kamsamba

Niliondoka Tunduma kwa sababu timu yetu ya wasichana ilikuwa inafutwa. Mwalimu aliyekuwa anatufundisha alihamishwa, na mkuu wa shule, Madam Nzowa, akasema wazi kwamba bila mtu mwenye cheti cha ukocha hatatuandikisha kwenye mashindano ya mkoa. Mimi nilikuwa beki mpaka goti lilipoharibika nikiwa kidato cha pili. Sasa niko cha tatu, sichezi, na kusema kweli hata kuitika jina darasani naona aibu. Lakini tangazo la kozi ya ukocha kule Vwawa nililisoma mara tatu, nikajaza fomu bila kumwambia mtu.

"Sasa utafundisha kwa kunong'ona?" mama aliniuliza huku ananifungia chapati. Nilizipokea, nikazitia kwenye begi.

Jumatatu saa kumi na mbili asubuhi nilipita kando ya foleni ya malori yanayosubiri kuvuka Zambia, nikapanda Kosta. Saa mbili nilikuwa Vwawa.

Tulikuwa wanafunzi watano, msichana nikiwa peke yangu, wengine wote watu wazima. Mkufunzi alikuwa raia wa Algeria, mwembamba, mwenye mvi, anayechechemea kidogo. Tulimwita Kocha Ridhwani. Siku ya kwanza hakutufundisha chochote, alitusimulia maisha yake. Alizaliwa Oran, mji wa bandari, akacheza beki wa kushoto huko kwao miaka tisa, halafu goti likamwangusha.

"Kocha wangu akasema, wewe kaa benchi, andika," alituambia kwa Kiswahili alichookota Dar es Salaam. "Mimi hasira sana. Lakini naandika. Mwaka mzima naandika, naona mpira mwingine kabisa."

Akaanza kufundisha watoto kwenye mji wa jangwani, mazoezi alfajiri kabla mchanga haujawaka. Akapanda hadi timu kubwa ya kwao, wakamfukuza. Akaenda Tunisia, wakamfukuza. Akaja Dar, nako wakamfukuza.

Mwalimu Haonga, aliyetoka Ikinga huko Ileje, akaniinamia: "Kumbe tumekuja kujifunza kufukuzwa."

Nilicheka kimoyomoyo, ila habari ya goti niliiandika yote kwenye daftari.

Alhamisi tulikwenda Kamsamba kwa mtihani, maana Kocha alitaka tufundishe watu wasiotujua. Mlowo tukaacha lami. Mashamba ya kahawa yalibaki nyuma, tukateremka bondeni tukivua sweta mmoja mmoja. Mwenyeji wetu, Mzee Simbeye, alikuwa nahodha wa timu ya maveterani wa pale, wakulima wa mpunga na wafugaji, wengi wao rika la baba yangu.

Saa kumi jioni mtihani ulianza. Kila mtu alipewa dakika kumi na kazi moja: kuwafundisha mabeki kupanda pamoja mpira ukipigwa mbele. Mwalimu Haonga alipuliza filimbi akafoka kama yuko paredi. Akafaulu. Wengine watatu nao wakafaulu. Nikabaki mimi.

Kwetu mtoto hamwamuru mtu mzima kabla hajamsalimia, na msichana husalimia amechuchumaa, anapiga makofi taratibu. Nikamwendea Mzee Simbeye, nikachuchumaa. Nikaenda kwa wa pili, na wa tatu. Walikuwa kumi na mmoja. Waliitikia vizuri, wakaniuliza mama hajambo, na mahindi ya huko juu yanaendeleaje. Nilipomaliza, Kocha alikuwa anaonyesha saa yake.

"Dakika saba kwisha."

Katika zile tatu zilizobaki nilisema jambo moja tu, tena kwa sauti yangu ya kunong'ona.

"Binti anasemaje?" mmoja akauliza.

"Anaaga," mwenzake akamjibu. Uwanja mzima ukacheka.

Kocha akafunga daftari. "Hujafaulu."

"Nirudie kesho asubuhi." Sijui sentensi ile niliitoa wapi.

"Saa mbili tunaondoka."

"Saa moja basi."

Akatazama saa yake. "Salamu nzuri. Lakini saa haisimami."

Mzee Simbeye akasema watakuja, kabla ya shamba.

Jioni, mke wa Mzee Simbeye akipakua wali na kambale, nilimuuliza, "Mama, asubuhi wale baba wanapita wapi?"

"Wote wanavuka kadaraja ka mfereji. Unawatakia nini?"

"Kuwasalimia."

"Ehe. Basi lala, uamke."

Ijumaa, kabla ya saa kumi na mbili, nilikuwa darajani na mbu wangu. Walikuja mmoja mmoja, nami nikachuchumaa kwa kila mmoja, sikuruka mtu.

"Leo tena?" mfugaji mmoja akasema. "Wewe binti unagombea udiwani?"

"Hapana, baba. Nagombea cheti."

Saa moja nilipuliza filimbi. Sauti yangu haikuwa imekua usiku ule, kwa hiyo niliwaambia wasogee karibu, wakasogea. Nikachora mstari kwa mguu, nikasimama katikati ya mabeki, nikatembea nao. Mpira ukienda mbele, hatua tano, sote. Mara ya kwanza walichelewa. Mara ya pili mfugaji yule alibaki nyuma peke yake.

"Baba, umebaki," nikamwambia.

Akakimbia. Mtu wa rika la baba yangu, akakimbia kwa neno langu. Mara ya tatu mstari ulinyooka, nikaendelea mpaka dakika zikaisha.

Kocha alijaza cheti juu ya boneti ya gari. Kwenye nafasi ya maoni aliandika: *Sauti ndogo. Anawahi.* Aliona nimekunja uso.

"Mimi sauti kubwa," akasema. "Timu tatu zimenifukuza."

Jumamosi mchana nilifika Tunduma, nikaenda moja kwa moja kwa Madam Nzowa. Alisoma cheti mara mbili. Niliyojifunza safarini ni kwamba aibu yangu haijaondoka, na sidhani itaondoka. Nitakuwa naamka kabla ya hiyo aibu.

"Mazoezi lini?" Madam akauliza.

"Jumatatu saa kumi," nikajibu, na safari hii hakuna aliyeuliza nimesemaje. Akachukua kalamu, akaandika timu yetu kwenye orodha.