Nilimsingizia mwalimu mkuu, binti yangu akakosa shule

Admin, jina langu libaki kwako. Mimi ni baba wa miaka 62, nina mke na binti mmoja. Mke wangu hajui kama naandika haya.

Mwaka 1998 tuliishi Guangzhou. Mimi nilikuwa nasoma kwa skolashipu, mke wangu ananunua nguo za jumla soko la Shisanhang na kuzituma Mwanza. Kichina nilikijua mimi. Yeye alikuwa na maneno ya kupatana bei tu. Binti yetu alipofika miaka saba tukaanza kuvutana. Mke wangu alitaka asome shule ya pale mtaani, na watoto wa Kichina. Mimi nilitaka arudi Mwanza kwa bibi yake.

"Baba Neema, watamzoea," alisema. "Mbona sisi sokoni wametuzoea?"

Nikakubali twende tuione shule. Uwanjani watoto walimzunguka binti yetu, mmoja akalowesha kidole kwa mate akamsugua mkono aone kama rangi inatoka. Neema alicheka, naye akamsugua mwenzake. Mimi nilishindwa kuvumilia.

Mwalimu mkuu, mama wa makamo, alisema tumlete Jumatatu, atamkalisha mbele. Nikamgeukia mke wangu nikasema, "Anasema wazazi hawatakubali mtoto mweusi."

Mke wangu akasema, "Mwambie Mungu anamwona."

Nikamwambia mwalimu tunashukuru, tutafikiria. Akatabasamu, akampa Neema penseli. Mke wangu akaichukua, akairudisha mezani.

Huwa naandika diary kila siku, hata nikiumwa naandika. Siku ile niliandika: "Shule imeshindikana." Hata daftari langu nililidanganya. Neema akapelekwa Mwanza, na kwa miaka mitano tulimwona mara mbili tu.

Leo yupo Dar, ana mtoto wake, na mumewe amempatia mtoto nafasi kwenye shule yenye watoto wa kila rangi. Neema hataki. Wiki iliyopita alinipigia: "Baba, wewe ulisikia kwa masikio yako. Nimpeleke mwanangu akakataliwe kama mimi?" Nikasingizia mtandao, nikakata simu.

Mke wangu amemchukia mtu asiye na kosa miaka yote hii. Nikisema, Neema atajua aliyemkataa ni baba yake. Nikinyamaza, mjukuu anakosa nafasi. Mwisho wa kuthibitisha ni Ijumaa.

Ndugu zangu, najua nimekosa, msinifiche. Nianze kwa mama au kwa binti, na neno la kwanza niseme nini?