Mikono Alipomwigiza Mama Yake

Watu wa bweni la wafanyakazi wa ujenzi walimwita Mikono, kwa sababu kazi yake ilikuwa kusimama chini ya kreni na kumwongoza dereva kwa ishara: inua, shusha, polepole. Kwa maneno alikuwa mchoyo. Hata siku aliyopigiwa simu kwamba mama yake amefariki kwao, ng'ambo ya mipaka miwili, alijibu "sawa" tu. Msimamizi, Mungu amsamehe, akamnyima ruhusa ya kwenda kuzika. Kesho yake akaonekana kazini, macho makavu. Wenzake wakasema ana roho ngumu.

Bwenini kulikuwa na kikundi cha maigizo, wanaume watupu, kikifanya mazoezi Jumapili kwenye ukumbi wa kulia chakula. Mchezo wao mpya ulihusu kijana anayeaga nyumbani kwenda kutafuta maisha. Ilipoulizwa nani atakuwa mama, kila mwenye ndevu akaangalia pembeni.

"Nipeni mimi," Mikono akasema.

Fundi bomba, kiongozi wao, akacheka. "Mama huyu ana maneno, ndugu yangu."

"Nayajua."

Na kweli aliyajua. Ndiyo aliyoambiwa na mama yake mlangoni siku alipoondoka kwao: nenda mwanangu, utanikuta.

Siku ya onyesho ukumbi ulifurika. Mikono akatokea na shuka kichwani, watu wakacheka mpaka benchi likaanguka. Kisha wakatulia, maana alikuwa anamkunjia mwanawe nguo za safari, moja moja, kama hataki ziishe. Mwana aliigizwa na dereva wa kreni mwenyewe. Akabeba begi, akaaga, akageuka.

Hapo mama alitakiwa kusema. Maneno yakagoma. Badala yake Mikono akatandaza mikono yote miwili: simama.

Dereva akaganda. Kazini ishara ile haina mjadala, na haifutwi ila na aliyeitoa.

"Sema 'utanikuta'," fundi bomba akanong'ona.

"Mama," dereva akasema taratibu, "niruhusu."

"Nenda, mwanangu," Mikono akasema. "Na ukirudi usiponikuta, usijilaumu."

Akashusha mikono. Maneno yale yakamwingia mwenyewe, akakaa chini na shuka lake, akalia kwa sauti. Hakuna aliyepiga makofi. Wenzake walisogeza mabenchi karibu, wakakaa naye kama watu wanavyokaa msibani.