Hadithi ya Upande wa Kulia

Dada yangu Zaituni alipofariki nililia, nikazika, nikarudi kazini Morogoro. Kilichoninyima raha baadaye ni kitu ambacho wenzangu ofisini wangekicheka: hadithi aliyopewa utotoni ilikuwa imeondoka naye. Nikaomba likizo, nikapanda treni kwenda Kigoma kwa Shangazi Mwajuma, kabla na yeye hajatuacha.

Kutoka Tabora nilikaa dirishani nikiwaza nyumba ya Kasingirima, kule Ujiji, alikotulea. Shangazi alikuwa hasimulii kama watu wengine, alikuwa anasuka. Hadithi tatu kwa mkupuo, sentensi moja moja kwa zamu. Akigeuka kushoto, ananisimulia mimi: "Mbuzi akagoma kupanda mtumbwi." Akigeuka kulia, ni ya Zaituni: "Kibuyu cha mawese kikaanza kuvuja." Akitazama mbele, ni ya mlangoni, ya yeyote apitaye: "Fundi wa nyavu akaishiwa uzi." Kila mtu alishika yake, na kuuliza ya mwenzako ulikuwa utovu wa adabu. Mimi nilimjua mbuzi wangu hadi kwato. Ya Zaituni, nilibakiwa na kibuyu tu.

Kigoma tuliingia asubuhi. Nilichukua bajaji hadi Ujiji, na ziwa lilipojitokeza, bluu ileile, nikajikuta nacheka peke yangu. Harufu ya dagaa walioanikwa ilinipokea kabla ya mtu yeyote.

Shangazi alikuwa uani anachambua mchicha. Amekuwa mdogo, jamani. Macho hayaoni vizuri, lakini sauti aliijua.

"Shikamoo, Shangazi."

"Marahaba, mwanangu. Mwakeye!" akaongeza kwa Kiha, salamu ya asubuhi. "Mbona umekonda, huko Morogoro hawapiki?"

Mchana tulikula ugali wa muhogo na samaki wa migebuka kwa mawese. Nilipomaliza kunawa nikamwambia kilichonileta.

"Nisimulie ya Zaituni."

Akasogeza sahani kando. "Ya Zaituni ni ya Zaituni. Nikikupa wewe, yeye nimwachie nini?"

"Shangazi, Zaituni hayupo."

"Najua hayupo. Nilimuosha kwa mikono hii."

Nilinuna, sitaficha. Safari yote ile, halafu nirudishwe kama mtoto aliyedokoa nyama! Lakini naye si mtu wa kubembelezwa.

"Jioni nitakusukia," akasema. "Ukae mahali pako."

Baada ya magharibi alitandika mkeka uleule wa ukindu, kingo zimeliwa. Nikakaa kushoto. Mlango uliachwa wazi. Akanigeukia: "Palikuwa na mbuzi asiyependa maji." Kisha akageukia kulia, kwenye mkeka mtupu, akanyamaza kiasi cha sentensi moja. Kisha mlangoni: "Palikuwa na fundi wa nyavu." Akarudi kwangu, kisha kulia, kimya. Kile kimya kiliniumiza kuliko mazishi. Mbuzi akafika ziwani, mimi machozi yananitoka.

Alipogeukia kulia tena, mdomo wangu ukafunguka: "Binti akatoka Mwandiga na kibuyu cha mawese, akimpelekea mama yake mgonjwa."

Shangazi hakushtuka. Akageukia mlangoni na sentensi ya fundi, kisha kwangu na ya mbuzi. Akageukia kulia akasubiri.

"Kibuyu kikaanza kuvuja," nikasema, "akakifunga kwa kanga ya mama yake." Na inayofuata nikaijua, na ile nyingine. Tukasuka hivyo hadi mbuzi, binti na fundi wakakaribiana, na sentensi ya mwisho tukaisema pamoja, kama zamani: "Wote watatu wakafika ufukweni, wakakuta moto mmoja umewashwa."

Nikamgeukia. "Shangazi, haya yote nimeyatoa wapi?"

"Mlikuwa mnakaa mkeka mmoja," akasema. "Ulidhani ya mwenzako nilikuwa nanong'ona?"

Tulicheka hadi jirani akaja kuchungulia.

Asubuhi ya kuondoka alinifungia dagaa na chupa ya mawese, akanisindikiza hadi barabarani akishika bega langu. Kwenye treni sikuwaza tena nilichopoteza. Mwaka mzima nilijiona nimebakiwa na hadithi moja tu, kumbe Shangazi alinilea na zote tatu, na dada yangu alikuwa anasikia ya mbuzi wangu kila jioni, akijifanya hasikii.

Nilipofika Morogoro niliwaita wanangu wawili, nikamkalisha mmoja kushoto, mwingine kulia. Mlango nikauacha wazi.