Kura Moja Nyumba ya Walei

Dada yangu alilivisha kanisa zima, na sitanii. Katika dayosisi yetu hakuna aliyepanda ngazi bila kupita mbele ya cherehani yake, nami mdogo wake nikiwa nyuma natoboa matundu ya vifungo. Watu walimwita Fundi Joho. Vyeo vyote alivijua kwa nguo. Msomaji wa ibada ni mlei, muumini wa kawaida kama sisi, huyo ana skafu ya bluu. Shemasi huvaa stola, kile kitambaa kirefu chembamba, kwa mshazari begani. Akishawekwa kuwa kasisi, ndipo huiachia ining'inie pande zote mbili. Kanzu ya zambarau ni ya askofu peke yake, na kitambaa chake dada hakukitia mkasi mpaka jina lisomwe mbele ya sinodi, mkutano mkuu wa dayosisi. Hata umlilie.

Mwanawe wa pekee alikuwa kasisi. Walimpeleka parishi ya mbali kabisa, mwendo wa saa tano kwa gari, makanisa saba chini yake na pikipiki moja inayowaka ikipenda. Huko huko figo zikamfeli. Madaktari wakasema damu isafishwe mara mbili kwa wiki, na mashine ziko mjini tu. Likizo ya ugonjwa ikaisha. Akiacha kituo bila barua ya uhamisho, leseni, nyumba na bima ya matibabu vinakwenda kwa mpigo mmoja. Barua hiyo huandikwa na askofu, na askofu alikuwa amestaafu. Basi mtoto wetu akawa mtu wa barabarani, kila Jumatatu na Alhamisi, mkewe pembeni akimshikia ndoo ya kutapikia.

Ndipo akaja arkidikoni, yule anayesimamia parishi za mjini kwa niaba ya askofu. Alivua koti kabla hajakaribishwa.

"Mama, nipime. Zambarau."

"Baba, uchaguzi si bado wiki tatu?"

"Najua. Na wewe ni mjumbe wa walei, hilo pia nalijua. Nikikalia kile kiti, barua ya kwanza kutia sahihi ni ya mwanao. Atakuja hapa kanisa kuu. Hospitali iko ng'ambo ya barabara tu, si unaiona?"

Dada akampima kifua, mikono, urefu. Jioni ile ile akakata kitambaa. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi.

Kwetu askofu hateuliwi na mtu mmoja. Wachungaji hupiga kura kama nyumba moja, walei nyumba ya pili, na mgombea lazima apate theluthi mbili kote kuwili. Safari hii waligombea wawili: arkidikoni, na kanoni mmoja, kasisi mpole anayefundisha chuo cha theolojia. Siku ya sinodi, kwenye foleni ya chakula, mjumbe mwenzake alimnong'oneza dada kwa furaha kwamba shemeji yake mwenyewe, kasisi pia, anahamia kanisa kuu, arkidikoni amemwahidi. Nafasi ilikuwa moja. Dada akaanza kuuliza huku na huku, kwa upole, kama mtu anayepima kiuno. Kabla ya kengele kulia alikuwa amepata wanne walioahidiwa nafasi ile ile.

"Nikajiambia, aliyewadanganya wanne, mimi ni wa tano," aliniambia baadaye. Akaandika jina la kanoni.

Wachungaji walimpitisha arkidikoni. Kwa walei alihitaji kura sitini, akapata hamsini na tisa. Wakaambiwa warudie. Sasa dada alijua ni kura moja tu iliyopungua, na alijua iko mkononi mwa nani. Alikaa na ile karatasi mpaka msimamizi wa kura akamwita kwa kukohoa. Akaandika jina lile lile.

Hamsini na tisa tena. Sinodi ikafungwa, shauri likapandishwa kwa maaskofu wa jimbo, na wao, wenzangu, hawana haraka. Askofu Mkuu akatutumia msimamizi, askofu wa dayosisi jirani, anayekuja mara moja kwa mwezi. Dada alimfuata mpaka mlangoni. Akajibiwa kwa adabu kwamba yeye ni mshika kiti tu, kuhamisha watu ni kazi ya mwenye kiti. Nilitamani kumrushia kiatu.

Mwezi wa tano mvua ikavunja daraja. Mwanawe alikosa mashine Jumatatu, akakosa Alhamisi. Alifia ndani ya gari, wakingoja maji yapungue.

Arkidikoni ndiye aliyeongoza mazishi. Baadaye akamshika dada mkono mbele ya mkwe wetu, mjane wa marehemu. "Mama, mimi na wewe tulipigana. Kura moja tu! Kijana angekuwa hapa nasi leo." Machozi yalimtoka, na mpaka leo sijui kama yalikuwa ya kweli. Dada aliinamisha kichwa, akazipokea shukrani ambazo si zake.

Siku ya tatu tulikuwa uani tunaosha masufuria ya msiba, dada amembeba mjukuu mgongoni. Mkwe alisugua, mara akaacha.

"Huyo mtu mmoja," alisema. "Mama, simjui, lakini Mungu amlipe. Naye azike wake."

"Usiseme hivyo."

"Kwa nini nisiseme? Ameniua mimi pia."

"Ni mimi," dada akasema.

Mkwe alimkodolea macho, kisha akanigeukia mimi. Nilitazama chini.

"Mara zote mbili," dada akaendelea, kwa sauti ya kawaida kabisa. "Mara ya pili nilijua imebaki moja. Yule mtu ni mwongo, mwanangu. Sikuweza kumpa kanisa."

"Na angemleta?"

"Sijui."

"Mama. Angemleta?"

"Labda angemleta."

Mkwe akajifuta mikono kwenye gauni. Akaenda nyuma ya dada, akaifungua khanga taratibu ili mtoto asiamke, akamchukua, akaingia ndani kufunga mizigo.