Siku Mama Mkwe Aliponidhamini

Chekeni tu, maana hata mke wangu hucheka mpaka leo, lakini mimi nikikumbuka natamani ardhi ipasuke nitumbukie: niliwahi kusimama kizimbani Handeni nimejifunika shati kichwani kama mwizi wa kuku, na wala sikuiba.

Ilikuwa miaka ile ya vijiji vya ujamaa. Nilikuwa nachoma majani shambani kwangu, kule Mazingara, upepo ukageuka (mimi na upepo hatujawahi kuelewana), moto ukaruka ukala pembe ya shamba la pamba la kijiji. Nikashitakiwa. Hakimu, kijana mpole mgeni wa kutoka Bukoba, akaniachia kwa dhamana yangu mwenyewe, nirudi siku aliyoitaja.

Siku ikafika. Basi lilikuwa moja tu, nami nilikuwa na haraka kuliko abiria wote, kwa sababu mke wangu alikuwa amelazwa huko huko Handeni akisubiri kujifungua mtoto wetu wa kwanza. Basi likaja, nikainua mguu, nikachungulia ndani: kiti kilichobaki ni kimoja, na kando yake ameketi mama mkwe! Sasa sisi tulivyolelewa, mama mkwe hukutani naye uso kwa uso, ukimwona njiani unaiacha njia, hata jina lake hulitamki, nitakaaje naye bega kwa bega mpaka Handeni? Nikarudisha mguu, nikajitosa kwenye mihogo ya watu, nikachutama.

"Wewe wa mihogoni!" kondakta akapiga kelele. "Unapanda hupandi?"

Basi zima likageuka kutazama. Nikazidi kuinama, likaondoka.

Nikaenda kwa miguu. Nilipofika, mahakama imefungwa, na mlinzi akaniambia hakimu ameshatoa hati ya kukamatwa. Mwenye akili angejisalimisha asubuhi. Mimi nikaogopa, nikarudi kwetu, hata hospitali sikupita (nani alikuwa amekaa kando ya kitanda cha mke wangu? Mama mkwe yule yule).

Siku chache baadaye mgambo walinikuta shamba la kijiji, watu wote wapo, nimeinama na jembe. Wakanifunga kamba mikono, na wale wale niliowaunguzia pamba wakanisindikiza kwa vicheko mpaka kwenye basi.

"Kwa nini hukufika?" hakimu akauliza.

Ningesemaje? Kumtaja mkwe mbele za watu? Nikasema, "Basi liliniacha, mheshimiwa."

"Hakuna dhamana bila mdhamini. Yupo?"

Hayupo. Nikajiona naozea mahabusu Korogwe, na mwanangu anazaliwa baba yake hayupo, na hapo, jamani, machozi yakaanza kunilenga. Ndipo sauti ya mwanamke ikatoka nyuma: "Nipo mimi."

Niliijua sauti ile. Nilikuwa nikiisikia kwa nyuma ya ukuta tu. Nikavuta shati likafunika kichwa, tumbo likabaki nje, mahakama nzima ikacheka.

"Mshitakiwa, shusha shati! Mdhamini, sogea karibu naye."

"Mheshimiwa," mzee wa baraza mmoja akanong'ona, "yule ni mama mkwe wake."

"Ndiyo nini?"

Wakamweleza mila yetu. Mama mkwe akasogea, amejifunika kanga gubigubi, tukawa wawili kizimbani tusio na nyuso.

"Mheshimiwa," akasema, "basi halikumwacha. Nilimwona mihogoni. Nilijifunika hivi hivi, nikageukia dirishani, nikajibana ukutani ili apande. Hakupanda. Ameniheshimu kupita kiasi, mtoto huyu. Asipokuja tena, nifungeni mimi."

Kicheko kilikufa. Hakimu akachukua kalamu, akanipa dhamana.

Tulipotoka, mama mkwe akasimama amenipa mgongo, akamwambia yule mzee wa baraza, kwa sauti ya kunifikia mimi, "Mwambie baba mtoto aende hospitali. Amepata binti, alfajiri ya leo. Mimi nitakaa hapa nje mpaka atakapotoka."

Nililia ndani ya shati.

Kesi iliisha kwa mimi kuilima upya ile pembe ya shamba la kijiji. Na tangu siku ile, basi likiwa na kiti, hata akae nani, napanda. Ila binti tulimpa jina la bibi yake, na jina lile kinywa changu hakiwezi. Sasa ana watoto wake, na mimi sijamwita kwa jina hata siku moja. Namwita Mdhamini, naye huitika.